Saida ya nyumbani: juisi ipi ya tufaha ununue

Wanaoanza kutengeneza saida, ile pombe ya matufaha, huumiza kichwa juu ya hamira na vyombo. Kinachoamua zaidi ni juisi. Ukikosea hapo, hamira ya bei yoyote haikusaidii.

Kabla ya kuuliza bei, geuza boksi usome viambato, yale maandishi madogo ubavuni. Ukiona E202 au E211, yaani sobeti au benzoeti, irudishe kwenye rafu. Vihifadhi hivyo vimewekwa makusudi ili hamira isizaliane. Utaweka hamira, utasubiri wiki nzima, na povu hulioni. Kuchemsha hakuviondoi. E300 ni vitamini C na E330 ni asidi ya sitriki. Hizo hazina neno. Kisha tazama sukari: juisi kamili huwa na gramu 10 hadi 12 kwa kila mililita 100, na hamira ikiila yote utapata kilevi cha asilimia 6 hadi 7 hivi.

1. Juisi ya boksi, asilimia 100, isiyo na vihifadhi. Ndiyo tunayompa mtu wa kuanza. Imeshapashwa moto kuua vijidudu, na boksi la leo ni sawa na la mwezi ujao, kwa hiyo ukikosea utajua kosa si la tunda. Ikiandikwa kwamba imetokana na juisi nzito iliyoongezwa maji, nunua bila wasiwasi. Udhaifu wake ni ladha nyepesi, kwa sababu matufaha ya kula hayana ukakasi wa kutosha. Kikombe kimoja cha chai ya rangi, iliyokolea na kupoa, kwa kila lita 5 kinarekebisha hilo.

2. Juisi yenye ukungu ya kwenye friji za maduka makubwa. Harufu yake inaishinda ya boksi. Tatizo ni bei, na nyingine huwa na vihifadhi, kwa hiyo lebo isomwe kila mara. Saida yake huchelewa kuwa angavu. Ukungu huo ni chembe za tunda na pektini, haudhuru.

3. Matufaha yenyewe. Ukisaga na kukamua kwa kitambaa, lita 5 zinataka kama kilo 10, na machicha ni mengi. Pale tufaha linapouzwa moja moja, hesabu hiyo inauma. Ukiwa nayo kwa bei nzuri, changanya Granny Smith kwa uchachu na Gala kwa utamu, toa mbegu, kata kila sehemu iliyooza. Juisi hii ina vijidudu vyake: weka kidonge kimoja cha Campden, yaani salfaiti ya kuua vijidudu, kwa lita 5, subiri saa 24, ndipo utie hamira.

4. Nekta na vinywaji vya ladha ya tufaha. Usinunue. Ni maji na sukari kwa wingi, na matokeo ni kilevi chembamba kisicho na tunda.

Juu ya hamira: ya mkate inafanya kazi, ila haitulii vizuri chini na huacha harufu ya unga uliochachuka. Pakiti ya gramu 5 ya Lalvin EC-1118, hamira ya mvinyo, inatosha lita 5 hadi 20, na inavumilia hadi nyuzi 30. Hata hivyo, Mombasa au Dar es Salaam weka dumu ndani ya beseni la maji na ulifunike kwa taulo bichi. Dumu la lita 5 litie lita 4 na nusu tu, povu lipate nafasi, na usilikaze kifuniko. Gesi lazima itoke. Harufu ya yai viza ikitokea, hamira ina njaa ya nitrojeni, kwani juisi ya tufaha haina nyingi. Nusu gramu ya chakula cha hamira kwa lita, ikitiwa mwanzoni, huzuia hilo.

Haidrometa, kile kipimo kinachoelea kuonyesha sukari iliyobaki, ikisoma namba ileile, 1.000 au chini yake, siku tatu mfululizo, weka gramu 5 za sukari kwa lita ili ipate gesi na ujaze chupa za plastiki za soda zilizooshwa vizuri. Zibonyeze kila siku. Chupa ikiwa ngumu kama soda mpya, iingie kwenye friji siku hiyohiyo.