Uzoefu wangu: One Week ya Buster Keaton (1920)

Anayetaka kuanza na sinema bubu za vichekesho, hii ya Keaton, mchekeshaji wa Marekani, ndiyo ninayompa kwanza. Haifiki nusu saa, na kero yake anaijua kila aliyewahi kununua kabati la kujiungia mwenyewe.

Maharusi wanapewa kiwanja na nyumba iliyopakiwa kwenye makreti yenye namba. Nyumba hizo zilikuwepo kweli: Sears, Roebuck ya Marekani iliziuza kwa posta tangu 1908. Mwanaume aliyekataliwa na bibi harusi anachukua rangi, anageuza 1 kuwa 4 na 3 kuwa 8. Basi. Mlango wa ghorofani unafungukia hewani, sinki la jikoni linaning'inia ukuta wa nje. Keaton, ambaye ndiye bwana harusi, anafuata maelekezo kwa utiifu wote, na hapo ndipo ninapocheka, maana kila balaa unaweza kulifuatilia hadi kwenye chanzo chake. Angalia piano: kamba ya kuivutia ameipitisha kwenye taa ya dari, kwa hiyo akivuta, piano haisogei, dari ndiyo inayoshuka. Halafu kapeti: ameshalipigilia misumari ndipo anagundua koti lake limebaki chini yake. Anakata tundu kwenye kapeti jipya. Nani hajafanya kazi ya namna hiyo?

Dhoruba inapoizungusha nyumba, hakuna ujanja wa kamera. Ni nyumba nzima iliyojengwa juu ya jukwaa linalozunguka, na watu wanarushwa nje kwelikweli.

Nakala za bure ziko tele mtandaoni, ila nyingi zinaharibu utamu. Kwanza umbo la picha: liwe 4:3, yaani upana 4 kwa kimo 3. Runinga ikikuza picha ijaze kioo, miguu inakatwa, na Keaton huchekesha kwa mwili mzima. Pili kasi. Ukiona watu wanatembea kama wanakimbizwa, punguza kasi ya kichezeshi hadi 0.75, usishuke zaidi, kwani wachekeshaji wa enzi hizo walitaka mwendo uzidi kidogo ule wa kawaida. Muziki nao mara nyingi umebandikwa tu, haujui kinachoendelea. Ukikukera, zima sauti kabisa. Maandishi yanayotokea katikati ya picha ni machache na mafupi, hivyo hata mtoto asiyejua Kiingereza hapotezi kitu, mradi umweleze mapema habari ya zile namba, kwa sababu tukio lenyewe linapita haraka mno.