Uchambuzi wa "Regen" (1929): Mvua Moja Iliyoungwa kwa Mvua Nyingi
Ndugu watazamaji, karibuni tena. Leo ninawaletea filamu fupi ya dakika 12 hivi, Regen, yaani "Mvua" kwa Kiholanzi, waliyoitengeneza Joris Ivens na Mannus Franken jijini Amsterdam, nami nawaomba msiondoke kabla sijawaonyesha namna mvua inavyoanza, kwa sababu hapo ndipo penye ufundi wote.

Tazameni hapa. Tramu, yaani magari ya reli ya mjini, zinapita, nguo zimeanikwa, upepo unazipeperusha. Kisha juu ya maji ya mfereji kinatokea kiduara kimoja, mara viwili, mara vingi visivyohesabika. Sasa nasimamisha picha. Mwangalieni bwana huyu anavyonyoosha mkono, akahisi tone, akainua kola ya koti lake. Hakuna maandishi wala msimulizi wa kutuambia kwamba mvua imeanza. Kiganja cha mpita njia kimetosha. Baada yake madirisha yanafungwa, miavuli inafunguliwa, na barabara yote inang'aa kama kioo.

La ajabu ni kwamba mvua hiyo haikupata kunyesha kama mnavyoiona. Ivens alipiga picha za mvua nyingi kwa miezi kadhaa, kisha akaziunga zikawa mvua moja yenye mwanzo na mwisho, na mimi niliyezoea kutafuta mahali vipande vya picha vilipoungwa nakiri kwamba amepaficha vizuri mno. Nanyi mnaoniuliza kila mara bei za kamera, jueni kwamba yeye alitumia Kinamo, kamera ndogo ya kushikwa mkononi.

Katika filamu za miji, wengi hutanguliza ile ya Walter Ruttmann kuhusu Berlin, ya mwaka 1927. Naiheshimu, lakini inazidi saa nzima, na mara nyingi watu wake huonekana kama vipuri vya mtambo, ilhali Ivens anawaacha wawe watu wanaokimbia wasilowe.

Kinachoniudhi ni nakala zilizobandikwa muziki wa kelele. Filamu hii ilipigwa bubu. Hanns Eisler aliitungia muziki wa ala tano mwaka 1941, na huo ni mzuri kweli, ila kwanza izimeni sauti kabisa, mfike pale matone yanapoteremka kwenye kioo cha tramu, mtayasikia.

Katika video ijayo nitachambua filamu ya Jean Vigo kuhusu mji wa Nice, Ufaransa, ya mwaka 1930, ambayo mpiga picha wake alikuwa Boris Kaufman, mdogo wake Dziga Vertov, mtengenezaji filamu wa Kisovieti. Itazameni mapema, tuje tuzilinganishe.