Maandamano ya Nairobi: Runinga ya Nyumbani au ya Ng'ambo?

Tarehe 25 Juni 2024, waandamanaji waliopinga Mswada wa Fedha walipoingia Bungeni, ungeweza kutazama Citizen au NTV, au uhamie BBC na Al Jazeera. Siku kama hiyo mimi huanza na za nyumbani. Zinatangaza mubashara kwa saa nyingi, na ripota anaijua Kenyatta Avenue na Moi Avenue, barabara ipi imefungwa, vitoa machozi vinarushwa wapi. Kwa mzazi ambaye mwanawe yuko katikati ya jiji, hakuna habari nyingine inayoshinda hiyo.

Lakini huzimwa. Januari 2018, kiongozi wa upinzani Raila Odinga alipojiapisha Uhuru Park kuwa “rais wa wananchi”, Citizen, NTV na KTN zilitolewa hewani. Tarehe 25 Juni 2025 Mamlaka ya Mawasiliano ilipiga marufuku matangazo mubashara, NTV na KTN zikazimwa, hadi Mahakama Kuu ikasitisha agizo hilo. Inaniuma kwamba tulirudia.

Vituo vya kimataifa hutupa dakika chache tu, ila huunganisha mambo. Siku ile ile ya Bunge, kikosi cha kwanza cha polisi wa Kenya kilitua Haiti kupambana na magenge, na Marekani ilikuwa imetoka tu kuitangaza Kenya mshirika wake mkuu nje ya NATO. Mtu wa Port-au-Prince, mji mkuu wa Haiti, alikuwa na haki ya kuuliza: polisi hawa huwatendeaje raia wao?

Kisha moshi ukitulia, kamera za vituo hivyo vya kimataifa hufungasha. Kesi za waliouawa hubaki kwa wanahabari wa hapa.