Tripu ya Mto Kagera kutoka Bukoba: historia safi, mdomo wa mto hatukuuona

Nyota tatu kati ya tano, na zote tatu ni za yule mwongozaji, kampuni yenyewe ningeipa moja kwa kuihurumia. Jina lao siweki hapa. Tangazo lao linasema mtaiona Kagera ikimwaga maji Ziwa Victoria, elfu tisini kwa kichwa, chakula na maji humohumo.

Sasa jamani, Kagera haimwagi maji ziwani upande wa Tanzania! Ikishapita Kyaka inakata kona inarudi Uganda, mdomo wake uko huko jirani na Kasensero, ni kaskazini kidogo tu ya mpaka lakini Uganda ni Uganda, bila kupita mpakani Mutukula na kugonga muhuri hufiki. Sisi wengine hata pasipoti hatukubeba maana hakuna aliyetuambia. Nilipouliza ofisini wakati wa kulipa dada akanijibu "mtaona kila kitu kaka, usijali", kumbe kila kitu ndo kusimamishwa ufukweni pale Bukoba jioni, tukaambiwa haya maji mengine yametoka Kagera. Ni kweli, maana ndio mto mkubwa kuliko yote inayoingia ziwa hili, ila ufukwe wa Bukoba naenda bure siku yoyote.

Tuje kwenye uzuri. Mwongozaji ni mzee wa wilaya ya Missenyi na anaujua huo mto. Tulishuka Kyaka karibu na daraja (picha uliza kwanza, usijitoe tu na simu), maji ya kahawia yanakwenda kasi kuliko nilivyodhani, mabonge ya gugumaji yanakuja yanajizungusha kwenye nguzo halafu yanachomoka na vipande vya mafunjo yanaendelea na safari. Akasema hilo gugu tunaloliona ziwani lilipitia humuhumu likitokea Rwanda, miaka ya mwisho ya 80 watu ndo wakaanza kuliona Victoria. Na huo udongo ni milima ya Rwanda na Burundi inayolimwa hadi kileleni, mvua ikinyesha unakuja wote.

Akatupa na ukoo wa mto: Ruvubu inatoka Burundi, Nyabarongo inatoka Rwanda, zinaungana karibu na maporomoko ya Rusumo, ndo inaitwa Kagera. Inapanda kaskazini mpakani mwa Rwanda na Tanzania katikati ya mabwawa na mafunjo, inageuka mashariki, inashuka kidogo hadi Kyaka halafu inapanda tena kwenda ziwani. Kule Burundi, Rutovu, kuna chemchemi wamejengea piramidi kwa kuwa inahesabiwa ndio chanzo cha mbali kabisa cha Nile upande wa kusini.

Hapo kwenye "inashuka kidogo hadi Kyaka" ndo mzee alikaa karibu saa nzima na sikuchoka. Mwaka 1890 Waingereza na Wajerumani walipogawana hawakuufuata mto, walichora mstari mnyoofu kwenye ramani, digrii 1 kusini ya ikweta, basi. Kwa hiyo kukabaki kipande cha Tanzania kilicho ng'ambo ya mto, kaskazini, kimekatwa na maji. Oktoba 1978 majeshi ya Idi Amin, rais wa Uganda, yakaingia hapo hapo, na tarehe 1 Novemba Amin akatangaza kwamba mpaka sasa ni mto. Ili JWTZ, yaani jeshi letu la Tanzania, wasivuke ikabidi daraja la Kyaka livunjwe, ndege zake zikajaribu zikashindwa, mwishowe akaletwa mtaalamu wa baruti kutoka mgodi wa Kilembe kule Uganda, tarehe 3 likaenda na maji. Ng'ombe wakaswagwa kuvushwa Uganda, kiwanda cha sukari kikaporwa. Wetu wakaweka daraja la muda wakavuka, na Aprili 11, 1979 Kampala ikaanguka. Hata jina la mkoa linatoka hapo, kabla ya vita ulikuwa Ziwa Magharibi, 1979 ukawa Kagera. Mimi nimesomea mkoa huu huu na hakuna mwalimu aliyewahi kuniunganishia mstari wa 1890 na vita vya 1978 namna ile, tulikaririshwa tarehe tu.

Ya 1994 aliisema kwa kifupi na nadhani alifanya vizuri. Miili ya waliouawa Rwanda iliporomoka Rusumo ikateremka mto wote mpaka ziwani, watu wakaacha kula samaki, na wavuvi na wanavijiji wa Uganda ndo walioopoa na kuzika, makaburi yapo Kasensero, Lambu na Ggolo. Kuna dada wa kundi letu alitaka stori zaidi, mzee akasema twendeni kwenye gari.

Mabaya mengine: Noah ya watu saba tulipakiwa tisa. Chakula ni ndizi na maharage ya baridi wakati tangazo limeandika sato. Tukapoteza muda mrefu barabarani dereva anapeleka mizigo ya watu wake, na kwa sababu hiyo kanisa lililobomolewa na vita tuliliona kwa dirishani tu, gari halikusimama.

Ukitaka kwenda mtafute mwongozaji wa Missenyi mwenyewe, pandeni gari za abiria za Mutukula mshuke Kyaka, mpe chake mkononi, itakutoka chini ya nusu ya ile elfu tisini. Na kama shida yako ni kuona mto ukiingia ziwani, beba pasipoti, vuka, tafuta boda upande wa pili uwaulize njia ya Kasensero.