Poda ya prazikwanteli kwa kitatange: naipa nyota nne

Hela ya dawa hii ningeitoa mwezi mzima kabla, kama nisingemsikiliza muuzaji wa samaki. Kitatange wangu, samaki wa tangi la maji ya chumvi, bado mdogo, wa buluu mwenye mistari myeupe iliyopinda, alianza kujikwaruza kwenye mawe, na jicho la kushoto likaingia ukungu. Nikapiga simu. Muuzaji akasema huo ni ugonjwa wa madoa meupe, weka dawa ya shaba. Nikaweka. Uduvi wangu wawili wakafa, na samaki akaendelea kujikuna vile vile.

Kilichonifumbua macho ni ndoo. Nilimlaza dakika tano kwenye maji yasiyo na chumvi, yaliyolala usiku kucha yakipigwa hewa, niliyoyapasha kwanza hadi nyuzi 26 sawa na tangi (Njiro, hapa Arusha, mwezi wa saba maji ya bomba ni kama yametoka friji) na kutia bikaboneti ya soda kidogo. Tangini huoni kitu, kwa sababu wasumbufu wenyewe, minyoo bapa inayong'ang'ania ngozi ya samaki, haina rangi, ni kama kioo. Ndani ya ndoo ikaanza kugeuka myeupe ubavuni mwake, mmoja, wa pili, wa tano, ikadondoka. Kitako cha ndoo nyeusi kikawa kama kimemwagiwa ufuta.

Ndipo nikaagiza prazikwanteli, dawa ile ile wanayomezeshwa watoto shuleni kwa kichocho. Kipimo ni miligramu 2.5 kwa lita. Tangi langu ni lita 240, basi miligramu 600. Mizani ya jikoni haifiki huko. Nikaenda kwa jirani, dalali wa tanzanite, mwenye mizani ya vito inayopima kwa karati (karati moja ni miligramu 200). "Karati tatu kamili," akasema baada ya kupima kwa utulivu kama anapima jiwe, kisha akauliza huyo samaki ni shilingi ngapi. Sikumjibu.

Usumbufu wake: haiyeyuki, inaelea kama unga. Kuna aliyenishauri niikoroge na Konyagi, nikakataa. Niliitikisa na maji ya uvuguvugu kwenye chupa ya soda hadi mkono ukauma. Toa mkaa kwenye kichujio, usije ukainyonya dawa yote, zima mashine ya povu (ile inayotoa uchafu kwa mapovu) na ongeza hewa. Usiku ule ule TANESCO wakakata umeme, pampu ya betri ikaniokoa.

Nyota niliyoinyima ni kwa sababu ya kibandiko kinachosema dozi moja inatosha. Haitoshi. Dawa haiui mayai, nayo yana nyuzi zinazonasa kwenye mawe na hata kwenye wavu, kisha yanaanguliwa baadaye. Siku ya nane nikamwona anajikuna tena. Nikarudia dozi, na tena wiki iliyofuata.

"Karati tatu?" dalali akauliza kabla sijakaa.

Jicho sasa limetakata. Baada ya dozi ya mwisho samaki alisusa chakula siku mbili, ya tatu akanipokonya mwani mkononi.