Rumande au dhamana: kesi ya ajira za walimu West Bengal

Partha Chatterjee, waziri wa zamani wa elimu wa West Bengal, India, alikamatwa Julai 2022 akituhumiwa kuuza ajira za walimu.

Hoja ya rumande ni nzito: shahidi wa kesi hizi ni mwalimu au karani wa chini, na simu moja ya mkubwa yatosha kumziba mdomo. Lakini miaka 2 na zaidi mahabusu, kesi haijasikilizwa, ni kifungo kabla ya hukumu. Desemba 2024 Mahakama ya Juu ikaamua apewe dhamana, ila mashahidi walio hatarini watoe ushahidi kwanza. Naegemea hapo, maana sharti la kusalimisha pasipoti huzuia kutoroka tu, si vitisho kwa mashahidi. Hata hivyo, kesi nyingine zilimweka ndani hadi Novemba 2025.