Mkopo wa nyumba: miaka 10 au 20?

Tuseme unataka nyumba Fuoni, Zanzibar, na benki inakupa shilingi milioni 60 kwa riba ya asilimia 15 kwa mwaka, ikihesabiwa kwenye deni lililobaki. Kwa miaka 20, rejesho ni kama 790,000 kwa mwezi. Kwa miaka 10, kama 968,000. Tofauti 178,000 tu, na hapo ndipo wengi tunaponasa.

Tazama rejesho la kwanza la miaka 20: riba inameza 750,000, deni lenyewe linapungua kwa 40,000. Kwa miaka 10 riba ya mwezi huo ni ile ile, lakini deni linashuka kwa 218,000. Mwisho wa safari, wa miaka 20 kalipa karibu milioni 190. Wa 10, milioni 116. Nyumba ni hiyo hiyo moja, na chumvi ya bahari imeshaanza kula nondo.

Mimi ningechukua 10, hata ukumbi ukae bila ya marumaru. Mwenye mshahara wa kubana achukue 20, ila aulize kwanza kama kulipa mapema kuna faini.

Asiyetaka riba kuna murabaha: benki inanunua, inakuuzia kwa bei isiyobadilika. Bei hiyo nayo iweke ubavuni mwa ile milioni 116.